Jinsi ya kujenga chuo cha uchawi ndani ya riwaya yako (anzia jikoni)

Maswali ni yaleyale. Chuo changu kiwe na mabweni mangapi? Wanafunzi wavae majoho ya rangi gani? Niweke msitu uliokatazwa? Wanaouliza ni waandishi chipukizi wanaotaka kuandika riwaya ya fantasia, na wengi wao wameshachora ngome yenye minara kabla hawajajua uchawi wao unafanyaje kazi. Nimeandika mwongozo huu ili atakayeuliza tena nimtumie huu.

Msimamo wangu niuseme mapema: hicho unachokijenga ni shule kwanza, uchawi baadaye. Shule ina mpishi, ada, mwalimu wa zamu na choo kilichoziba. Ukivipata hivyo, uchawi utapata pa kukaa. Ukivikosa, hata joka la vichwa saba halitamzuia msomaji kupiga miayo.

Ili tusizungumze hewani, nitajenga nawe chuo kimoja hatua kwa hatua. Kinaitwa Mavukeni, kipo kwenye dunia ya kubuni isiyo na Dar es Salaam wala Nairobi. Usikichukue kama kilivyo. Tazama jinsi kinavyojengwa, kisha jenga chako.

Kabla ya kuanza, uwe na hivi

- Daftari na kalamu. Simu inatosha kuandikia, lakini kuna mahali utataka kuchora mishale.
- Mhusika mmoja mwenye sababu yake ya kwenda chuoni. "Alizaliwa na alama kifuani" si sababu yake, hiyo ni sababu yako wewe mwandishi.
- Kumbukumbu za shule uliyosoma: foleni ya chakula, kengele, kiranja mnoko, siku ya kufunga shule. Kama hukulala bweni, mtafute aliyelala, umnunulie soda, umwache aongee.
- Sentensi mbili kuhusu dunia yako: nani anatawala, na watu wanakula nini.

Ramani huihitaji sasa. Lugha ya kubuni na historia ya miaka elfu moja huihitaji pia, na ukianza nayo huenda usifike sura ya pili.

Hatua ya 1: Panga bei ya uchawi

Mtu akifanya uchawi, anapoteza nini? Jibu hili kabla ya jingine lolote. "Anachoka" halitoshi, maana hata mkulima anachoka. Tafuta kitu kinachopimika, kinachoweza kununuliwa, kuibwa au kuisha.

Mavukeni bei ni joto la mwili. Ukiinua jiwe la ukubwa wa ngumi bila kuligusa, vidole vinakufa ganzi. Ukifunga jeraha la mwenzio, meno yanagongana nusu saa nzima. Kazi kubwa inaua, na maiti hukutwa na barafu kwenye kope hata kama jua ni la utosi.

Sasa kaa na daftari uandike matokeo ya bei hiyo, moja baada ya jingine, bila kuchuja. Yangu yalitoka hivi: chuo kimejengwa penye chemchemi za maji moto. Jiko halizimwi usiku wala mchana. Baada ya kila kipindi cha vitendo kuna uji mzito. Wanafunzi wanene wanaonewa wivu, wembamba wanachangiwa samli. Mitihani hufanywa kiangazi. Mwenye homa haruhusiwi darasani, kwa sababu homa inampa nguvu asiyoweza kuiongoza. Mpishi anaogopwa kuliko mkuu wa chuo. Vilima vya jirani vimebaki vipara kwa kukatwa kuni.

Angalia vizuri: hakuna hata kimoja hapo nilichokitafuta kwa kujiuliza "nini kitapendeza?" Vyote vimetoka kwenye joto. Ukiona bei yako haizai matokeo angalau nane, ni bei dhaifu, ibadilishe leo kabla hujaandika sura kumi juu yake.

*Kosa la kawaida:* bei inayosahaulika. Sura ya pili mhusika anazimia kwa kuwasha mshumaa, sura ya kumi na mbili anarusha radi mchana kutwa kisha anakwenda kucheza ngoma. Msomaji ataona, tena ataona kabla yako.

Hatua ya 2: Wape kazi yao jina

Hatua hii fupi, ila usiiruke. Kwa msomaji wetu, mchawi si mtu wa kupigiwa makofi. Tanzania ina sheria ya uchawi iliyotungwa 1928, Kenya ina ya 1925, na vikongwe wameuawa kwa sababu tu macho yao ni mekundu. Ukiandika "Chuo cha Uchawi" getini, msomaji anaingia na hofu yake mkononi. Kama unaitaka hofu hiyo, itumie kwelikweli. Kama huitaki, wahusika wako waite kazi yao kwa neno lao. Mavukeni wanasema "kuvuta", na ajuaye ni "mvutaji". Ndiyo, msomaji atafikiria sigara. Wahusika wenyewe wanataniana hivyohivyo, na utani wa shule haujawahi kuharibu riwaya.

Hatua ya 3: Nani analipa?

Kuna hadithi ya zamani ya Salamanca, Hispania, kuhusu pango ambamo shetani alifundisha wanafunzi saba kwa wakati mmoja. Ada yake: wakimaliza, mmoja wao habaki huru, anabaki pangoni. Sentensi moja tu, na tayari una riwaya. Wanafunzi wote saba wanajua hesabu hiyo tangu siku ya kwanza. Watasaidianaje kusoma?

Ukitaka mfano wa watu wa kweli, nenda Bologna, Italia, zama za kati. Kule wanafunzi ndio waliowalipa walimu, wakaungana, wakaweka masharti, na mwalimu aliyechelewa kuanza kipindi alitozwa faini. Hebu mfikirie mchawi mkuu mwenye ndevu hadi kiunoni akikimbia kwenye korido asije akakatwa posho.

Mavukeni inalipiwa na Sultani wa pwani. Kila mwezi mikokoteni ya kuni inapanda mlimani, na kila anayehitimu anamtumikia Sultani miaka saba kwenye majahazi yake, akivuta upepo. Nusu yao hurudi bila vidole vya miguu. Hakuna anayelazimishwa kusaini. Ni kwamba asiyesaini anajitafutia kuni mwenyewe.

*Kosa la kawaida:* chuo kinachoelea. Wanafunzi mia tano wanakula nyama kila siku, hakuna shamba, hakuna mfadhili, hakuna hata mtu anayeosha vyombo. Ukisema "wanakula kwa uchawi", rudi hatua ya 1 uangalie bei.

Hatua ya 4: Andika fomu ya kujiunga

Hii ndiyo hatua ninayoipenda, na ndiyo inayofanya kazi kubwa kuliko zote. Kila aliyekwenda bweni anaikumbuka ile karatasi: ndoo, jembe lenye mpini, rimu ya karatasi, na mzazi akipiga hesabu mezani kwa sauti ya chini. Iandike ya chuo chako, kwa lugha kavu ya ofisi, bila kumweleza msomaji chochote.

> CHUO CHA MAVUKENI
> Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza aje na:
> 1. Blanketi mbili za sufu. Moja itabaki ghala la chuo.
> 2. Soksi nzito, jozi sita.
> 3. Kikombe cha bati kilichochongwa jina.
> 4. Fagio la chelewa na jembe lenye mpini.
> 5. Samli, kibaba kimoja kwa kila mwezi wa masomo.
> 6. Mzigo mmoja wa kuni kavu. Kuni mbichi hazitapokelewa.
> 7. Barua ya mtu mzima asiye mvutaji, atakayekubali kuja kuchukua mwili.
>
> Hairuhusiwi kuja na: pombe ya aina yoyote, pilipili, tangawizi, saa ya mchanga, paka, njiwa au mnyama yeyote mwenye damu ya moto.

Soma tena namba 7, polepole. Kisha soma makatazo. Pombe na pilipili zinaudanganya mwili kuhusu joto lake, hilo msomaji atalifikia mwenyewe. Lakini paka ana kosa gani? Hapo ndipo riwaya ilipo: joto unaloweza kuvuta si lako peke yako.

Fomu yako iwe na kitu kimoja kisichoeleweka hivyo. Kimoja tu. Ukiweka vitano, inakuwa orodha ya vituko. Fagio liache lifagie, tafadhali, maana la kupaa limeshachukuliwa na watu wa mbali. Sisi wetu hupaa kwa ungo.

Hatua ya 5: Ratiba ya siku moja

Jumatano ya kawaida, kuanzia kengele hadi taa kuzimwa. Saa kumi na moja alfajiri: kengele, wote kwenye birika la maji moto, mwalimu wa zamu anapima viganja. Baridi? Hufanyi vitendo leo. Saa moja: nadharia. Saa tatu: vitendo, na mlango wa darasa haufungwi kwa komeo, ili anayeanguka atolewe haraka. Saa nne: uji. Mchana, shamba na kuni. Usiku, prepo, watu wanasoma wakiwa wamekaa wawili wawili chini ya blanketi moja. Ndiyo, mapenzi ya riwaya hii yanaanzia hapo, hukulazimika kuyatafutia dansi ya mwisho wa muhula.

Ratiba ikishakaa, kila tukio la riwaya yako ni kuvunjika kwa ratiba hiyo. Siku kengele isipolia, msomaji atajua kuna jambo bila wewe kumwambia.

Hatua ya 6: Walimu watatu, basi

Unahitaji anayejua sana na hafundishi vizuri, anayefundisha vizuri na ameacha kufanya, na asiye mwalimu ila ndiye anayewalea. Wengine wabaki majina kwenye ubao wa matangazo.

Kisha amua cheti kinatoka kwa nani. Kwenye elimu ya Kiislamu, tangu zamani, ijaza hutoka kwa shehe mwenyewe kwenda kwa mwanafunzi wake: umesoma kitabu hiki kwangu, nami nilikisoma kwa fulani, aliyekisoma kwa fulani. Mnyororo wa watu, si muhuri wa jengo. Kwa chuo cha uchawi mfumo huo ni dhahabu. Mwalimu akifedheheka, wanafunzi wake wote wa miaka thelathini wanafedheheka naye. Akifa kabla hajakupa ijaza, elimu unayo lakini huna mnyororo. Mavukeni, mvutaji asiye na mnyororo hapandi jahazi la Sultani. Anaishia kuponya ng'ombe vijijini kwa siri.

Hatua ya 7: Gawa wanafunzi kwa kitu kinachouma

Usiwagawe kwa tabia, jasiri huku, wajanja kule. Hakuna shule inayojua tabia ya mtoto siku anayoripoti, na ukiipanga hivyo wahusika wako watakwama kuwa kitu kimoja hadi mwisho.

Al-Azhar ya Cairo, msikiti ulioanza kujengwa 970, iliwagawa wanafunzi kwenye riwaki, yaani sehemu zao za kuishi na kusomea, kulingana na walikotoka, na riwaki zilikuwa na mgao wao wa mikate. Mkate! Hapo kuna ugomvi wa kweli: riwaki gani imepewa mingi, nani amedai anatoka asikotoka ili ale.

Mavukeni maji ya chemchemi yanapita kwenye bomba la udongo kutoka bweni hadi bweni. Bweni la kwanza ni la watoto wa wakubwa, kuta zake zina jasho. La nne linaitwa Mwisho wa Bomba, na maji yakifika huko yanafaa kunawia tu. Mhusika wetu, Sikudhani, analala huko. Si kwa sababu ya moyo wake wala nyota yake. Kuni zake zilikuwa mbichi.

Hatua ya 8: Katazo lenye sababu

Kila chuo cha kubuni kina chumba kisichoingiwa. Tatizo ni kwamba mara nyingi kimekatazwa ili mhusika aingie. Tafuta sababu ya ofisi. Kanisa kuu la Hereford, Uingereza, bado lina maktaba ya kale ambayo vitabu vyake vimefungwa kwa minyororo, na minyororo hiyo haikuwekwa kuzuia mapepo. Kitabu kilikuwa ghali mno kuachwa kitembee. Sababu ya kawaida kama hiyo inatisha zaidi mhusika anapogundua kuna nyingine chini yake.

Mavukeni ni marufuku kulala watatu kitandani. Matroni anasema ni kwa ajili ya chawa.

Hatua ya 9: Majirani

Wanaoishi nje ya geti wanakionaje chuo? Tarehe 10 Februari 1355, Oxford, wanafunzi walilalamika kwa mwenye kilabu kwamba mvinyo wake mbaya. Maneno yakazaa ngumi, ngumi zikazaa vita ya siku kadhaa kati ya mji na chuo. Kumbukumbu zinataja wafu 63 upande wa chuo, na mji ukawa unalipa peni 63 za toba kila mwaka hadi 1825. Hao hawakuwa na uchawi. Wako wanao.

Kwa hiyo andika malalamiko matatu ya kijiji, na yawe ya haki. Chini ya Mavukeni wanasema: mmemaliza miti yetu, mnanunua maziwa kwa bei mnayotaka, na watoto wetu waliofua nguo zenu wanarudi nyumbani wakitetemeka.

Hatua ya 10: Onyesho la kwanza, jikoni

Usianze getini na minara ikiwaka jua la machweo. Anza penye foleni. Hivi:

Foleni ilikuwa ya watu waliojikunja. Mbele ya Sikudhani kijana wa mwaka wa pili alishindwa kushika kikombe, mwenzake akakishika kwa niaba yake. Mama Kidawa alikuwa akichota bila kuinua uso, upawa mmoja, kijiko cha samli, upawa mmoja, kijiko cha samli. Zamu ya Sikudhani ilipofika vidole vyao viligusana kwenye bati.

Upawa ukasimama.

"Umetoka vitendo wewe?"

"Ndiyo, Mama. Kipindi cha saa tatu."

Mama Kidawa akamshika kiganja, akakigeuza kama anayekagua samaki. Kilikuwa cha moto.

"Shikamoo hukunipa asubuhi," alisema taratibu, "nikasema ni baridi. Sasa niambie, mwanangu. Paka wangu yuko wapi?"

Hakuna mnara hapo, hakuna maelezo ya mfumo, na bei imeshaeleweka. Ukiandika onyesho lako, likabidhi kwa mtu asiyesoma fantasia. Akiuliza "ikawaje?", umefika. Akiuliza "hawa kina nani?", lirudie.

Mambo yakikwama

*Mhusika wangu amekuwa na nguvu kupita kiasi.* Usimpunguzie nguvu, mpandishie bei. Au mpe anayemlipia: kila anapovuta, kuna mtu fulani anayepoa.

*Walimu wangu wanaweza kutatua kila kitu, kwa nini watoto ndio wanaopigana?* Kwa sababu walimu wana cha kupoteza. Mwajiri wao ni Sultani, mnyororo wao wa ijaza uko hatarini, viungo vyao vimechakaa kwa miaka ya kuvuta. Chagua moja uiandike mapema, isije ikatokea sura ya mwisho kama kisingizio.

*Sura tatu zimepita na bado yuko safarini.* Zifute. Kilicho muhimu humo kihamishie kwenye foleni ya uji.

*Nimeambiwa nimeiga.* Chukua kila kitu cha chuoni kwako ukiulize: umetoka kwenye bei? Kisichotoka huko pengine umekiokota kwenye filamu. Mara nyingi utajikuta unatupa kofia, fimbo, bundi na mashindano, na hakuna kinachoanguka.

*Majina yangu yanasikika ya ajabu.* Acha kuchanganya x na apostrofi. Dunia ya kubuni inaweza kabisa kuwa na Sikudhani, Kidawa, Mavukeni. Yatamke kwa sauti ukiwa kama unamwita mtu aliye mbali. Lisiloitika, libadilishe.

*Nimefika katikati, hadithi imelala.* Chukua fomu ya kujiunga ya hatua ya 4. Chagua kifaa kimoja, mnyang'anye mhusika mmoja usiku, na asubuhi kikutwe kitandani kwa mwingine.